Jaji Kaamuru, Karatasi Bado Imefungwa

Watahiniwa waliopata alama 96 walihitaji alama moja tu. Mtihani wenyewe ulifanyika tarehe 6 Januari 2019 katika jimbo la Uttar Pradesh, kaskazini mwa India. Ulikuwa na maswali 150, na mamia ya maelfu ya vijana waliosomea ualimu waliufanya kuwania nafasi 69,000 katika shule za msingi za serikali. Siku iliyofuata serikali ya jimbo ikatangaza kiwango cha kufaulu: alama 97 kwa watahiniwa wa kundi la jumla, na 90 kwa wa makundi yaliyotengewa nafasi. Mwenye 96 wa kundi la jumla akahesabika kafeli, akarudi nyumbani.

Tatizo lilikuwa swali moja, lililouliza ni nani aliyetoa fasili fulani ya uongozi wa elimu. Mtahiniwa alipewa majina manne achague, na katika hayo manne hakuna hata moja lililokuwa sahihi. Watu wakafungua kesi. Tarehe 25 Agosti 2021 jopo la majaji wa Mahakama Kuu ya Allahabad likaamuru kwamba waliolijibu swali hilo, waliopungukiwa alama moja tu, na waliokuwa wamekwisha kufika mahakamani, wapewe alama yao. Serikali ikaenda Mahakama ya Juu jijini New Delhi. Tarehe 9 Novemba 2022 ikashindwa huko pia.

Mtu wa kawaida angedhani mambo yameishia hapo. Amri ipo, rufaa imetupwa, kilichobaki ni karani kuongeza moja juu ya 96. Lakini walalamikaji walilazimika kurudi tena Mahakama Kuu, safari hii na maombi ya aina nyingine: wakitaka maofisa wa elimu waitwe wajieleze kwa nini wasiadhibiwe kwa kuidharau mahakama.

Mashauri ya namna hii yamejaa katika mahakama za India. Mtahiniwa anashinda kesi ya kutaka karatasi yake isahihishwe upya, bodi ya mitihani inakaa kimya, naye anafungua shauri la pili la kutaka amri ya kwanza iheshimiwe. Nimesoma hukumu nyingi za aina hiyo, na ninaamini tatizo linaanzia kwenye chombo chenyewe. Sheria ya kudharau mahakama ilitungwa kulinda heshima ya mahakama, wakati kijana mwenye 96 analilia muda wake. Hivyo ni vitu viwili, na pale vinapochanganywa, anayeumia ni kijana.

Tuanze na karatasi yenyewe. Kijitabu cha majibu kinapotoka chumba cha mtihani, jina na namba ya mtahiniwa hufichwa au hunyofolewa, na mahali pake huwekwa namba ya siri au msimbo wa mistari. Msahihishaji huandika alama pembeni mwa kila jibu, kisha huzihamishia kwenye jedwali la ukurasa wa mbele na kuzijumlisha. Katika mitihani mingine anatakiwa pia kuweka wino kwenye viduara ili mashine isome jumla. Kila hatua hapo ina mlango wa makosa: jibu lililorukwa, ukurasa wa nyongeza usiofunguliwa, saba iliyosomwa kama moja, jumla iliyokosewa.

Mwaka 2019 katika jimbo la Telangana, binti mmoja aliyekuwa na rekodi nzuri darasani alipata sifuri katika somo la Kitelugu, lugha ya jimbo lake. Karatasi ilipoangaliwa upya, alama zake zilikuwa 99. Msahihishaji alikuwa ameweka wino kwenye viduara vya sifuri badala ya vya tisa. Huyo alikuwa mmoja. Serikali ya jimbo iliagiza karatasi za wote waliofeli, zaidi ya 300,000, zihakikiwe upya bila malipo. Agizo hilo lilikuja baada ya vilio vikubwa, kwa sababu katika siku zilizofuata matokeo yale vijana wengi walijiua; vyombo vya habari vya huko vilihesabu zaidi ya 20. Anayesema kuomba kusahihishiwa upya ni usumbufu wa wanafunzi wavivu, namwomba akae kidogo na habari hiyo.

Miaka miwili kabla yake, Chuo Kikuu cha Mumbai kiliamua kusahihisha karatasi zaidi ya milioni moja na nusu kwa kompyuta, bila walimu wala mitambo kuandaliwa vya kutosha. Matokeo yakachelewa kwa miezi, na Oktoba 2017 gavana wa jimbo akamfukuza kazi makamu mkuu wa chuo. Mwaka 2018 Uttar Pradesh ikarudi tena kwenye habari. Katika mtihani wa nafasi 68,500 za ualimu, mtahiniwa mmoja aliomba karatasi yake iletwe mahakamani Lucknow. Ilipoletwa, msimbo wa ukurasa wa kwanza haukulingana na ule wa kurasa za ndani. Alama zilizotangazwa zilikuwa zake kwa jina, lakini majibu yalikuwa ya mtu mwingine.

Kwa muda mrefu mahakama za India zilikataa kabisa kuifungua karatasi. Mwaka 1984, katika kesi ya bodi ya elimu ya Maharashtra, Mahakama ya Juu ilisema mtahiniwa hana haki ya kuiona karatasi yake wala kudai isahihishwe upya kama kanuni za bodi haziruhusu. Hofu ya majaji ilikuwa wazi: wakifungua mlango huo, wanafunzi watafurika na matokeo hayatatoka kamwe. Ulinzi ulikuwepo kidogo tu kwenye mitihani ya kuchagua jibu. Mwaka 1983, kuhusu mtihani wa kuingia vyuo vya udaktari huko Uttar Pradesh, mahakama hiyohiyo ilikuwa imekubali kwamba kama jibu rasmi linapingana waziwazi na vitabu vya kiada, mwanafunzi asiadhibiwe kwa kuwa sahihi.

Mageuzi yakaja kupitia sheria ya haki ya kupata taarifa ya mwaka 2005. Mwanafunzi mmoja wa Kolkata, aliyefanya mtihani wa sekondari wa CBSE, yaani Bodi Kuu ya Elimu ya Sekondari ya India, mwaka 2008 na kushangazwa na alama zake, aliomba kuiona karatasi. Bodi ikamkatalia. Tarehe 9 Agosti 2011 Jaji R. V. Raveendran na Jaji A. K. Patnaik wa Mahakama ya Juu wakaamua kwamba karatasi ya majibu iliyosahihishwa ni taarifa kama taarifa nyingine yoyote iliyo mikononi mwa ofisi ya umma, na aliyeiandika ana haki ya kuiona na kupewa nakala. Jina na saini ya msahihishaji zifichwe kwa usalama wake, basi. Ila walitenganisha mambo mawili. Kuiona karatasi ni haki. Kusahihishiwa upya kunategemea kanuni za bodi husika.

Desemba 2017 Jaji Madan Lokur wa mahakama hiyohiyo alihitimisha kesi nyingine ya walimu wa Uttar Pradesh iliyotokana na tangazo la kazi la mwaka 2009. Hukumu yake inaanza kwa mshangao wa mtu aliyekuta nyumba imevurugwa. Miaka minane ilikuwa imepita, majibu rasmi yamebishaniwa mara kadhaa, walioajiriwa wameshaanza kufundisha na walioachwa bado wanasubiri. Akaandika kwamba huruma haina nafasi katika kuamua kama karatasi isahihishwe upya, kwamba majaji si wataalamu wa masomo yote, na kwamba penye shaka, faida iende kwa bodi ya mitihani.

Naielewa hoja hiyo, na kwa sehemu naikubali. Jaji hapaswi kuketi na fizikia au historia mezani akigawa alama. Lakini hoja hiyo ina deni. Mahakama ikishajizuia kiasi hicho, amri zake za kusahihisha upya zinakuwa chache, na hutolewa tu pale ambapo kosa liko wazi kabisa. Sasa bodi iliyokutwa na kosa lililo wazi inapata wapi uhalali wa kukaa miezi na amri bila kuitekeleza?

Hapa ndipo lilipo shauri la kudharau mahakama. Sheria ya India ya mwaka 1971 inasema dharau ya madai ni kukaidi kwa makusudi hukumu au amri ya mahakama. Adhabu ya juu kabisa ni kifungo cha miezi sita kisicho na kazi ngumu na faini ya rupia 2,000. Shauri lifunguliwe ndani ya mwaka mmoja tangu kosa kutendeka. Maneno yote ya sheria hiyo yana uzito, lakini lenye uzito kuliko yote ni hilo la makusudi. Kwa kuwa shauri lina sura ya jinai, shaka yoyote humnufaisha ofisa, naye anaweza kusema amri haikueleweka, faili lilikuwa wizarani, au ushauri wa kisheria ulikuwa unasubiriwa. Akiisema kwa unyenyekevu na kuomba radhi, mara nyingi inatosha.

Ofisi haifungwi jela, kwa hiyo maombi humtaja mtu kwa jina: katibu wa bodi fulani, mkurugenzi fulani. Huo ndio ukali wa chombo hiki, na ndiko kunakoanza danadana. Katika Mahakama Kuu ya Allahabad umezoeleka utaratibu ambapo maombi ya kwanza humalizwa kwa kumpa ofisa nafasi nyingine ya kutekeleza ndani ya wiki kadhaa. Asipotekeleza, mlalamikaji analipa tena ada, analipa tena wakili, anafungua maombi ya pili. Wakati huo ofisa keshahamishwa. Anayekuja ni mgeni, hajadharau chochote, naye anaomba muda wa kusoma faili. Kisha usiku wa kuamkia kikao inawasilishwa hati ya kiapo ya kurasa nyingi, na kwenye ukurasa mmojawapo kuna sentensi isemayo kwamba amri imetekelezwa.

Sentensi hiyo ndiyo mtego mkubwa kuliko yote. Tuseme amri ilisema karatasi isahihishwe upya na mtaalamu mwingine. Bodi inampa mtaalamu, anaipitia, anaandika kwamba alama ni zilezile. Mtahiniwa akiangalia nakala anaona jibu la swali la nne bado halina alama hata moja pembeni, kana kwamba halikusomwa. Anakimbilia kwa jaji wa shauri la dharau. Jaji anamwambia, kwa upole au kwa ukali, kwamba hawezi kumsaidia. Mwaka 1996, katika mgogoro wa watumishi wa serikali kuhusu orodha ya ukubwa kazini, Mahakama ya Juu iliweka msimamo ambao umeshika hadi leo: ofisa akishachukua hatua kutekeleza amri, hata kama hatua hiyo ina makosa, hiyo si dharau tena. Ni chanzo kipya cha malalamiko. Fungua kesi mpya.

Kwa hiyo chombo hiki kinaweza kumlazimisha ofisa kuifungua karatasi, lakini kalamu ya msahihishaji hakiigusi. Jaji wa dharau haruhusiwi kuongeza neno kwenye amri ya awali. Kama amri ilisema tu isahihishwe upya, na haikusema nani asahihishe, kwa mwongozo upi, na kwamba atoe sababu za kila alama, basi bodi imepewa uwanja mpana wa kutii bila kubadilisha chochote.

Bodi pia zimegundua njia ya kutii kwa maneno na kukaidi kwa bei. Baada ya hukumu ya 2011, CBSE iliendelea kutoza mamia ya rupia kwa nakala ya karatasi ya somo moja, wakati chini ya sheria ya taarifa ada ya maombi ni rupia 10 na kila ukurasa rupia 2. Wanafunzi wa sheria wakafungua shauri la dharau, na Agosti 2016 Mahakama ya Juu ikaikumbusha bodi iifuate hukumu ya 2011 kwa ukamilifu. Hakuna aliyefungwa, hakuna aliyetozwa faini. Mwaka 2019 suala hilohilo likarudi kupitia taasisi ya makatibu wa makampuni, iliyokuwa ikitoza rupia 500. Mahakama ikasema njia zote mbili zipo: mtahiniwa anayeomba kwa utaratibu wa taasisi alipe ada ya taasisi, anayeomba kwa sheria ya taarifa alipe ada ya sheria hiyo. Kwa mtoto wa kibarua aliyefeli masomo matatu, tofauti kati ya bei hizo mbili inaweza kuamua kama ataomba au ataacha.

Na kuna kalenda. Katika hukumu ya 2011 ilielezwa kwamba CBSE huhifadhi karatasi kwa miezi mitatu, kisha huziharibu. Majaji wakakubali kwamba haki ya kuiona karatasi inaishi kwa muda huo tu. Ofisi ya umma nayo ina siku 30 za kujibu ombi la taarifa. Matokeo yakitoka Mei, mwanafunzi akaomba Juni, akajibiwa vibaya Julai na kukata rufaa ya ndani, Agosti karatasi inaweza kuwa imeshasagwa. Hakuna shauri la dharau linaloweza kuirudisha. Jaji anaweza kumweka katibu wa bodi chini ya ulinzi mchana kutwa, na bado hakutakuwa na cha kusahihisha.

Wapo wanaosema dawa ni ukali: wafungwe wawili watatu, wengine watanyooka. Sikubaliani nao. Tarehe 3 Januari 2024 Mahakama ya Juu, chini ya Jaji Mkuu D. Y. Chandrachud, ilitoa utaratibu wa kuwaita maofisa wa serikali mahakamani, baada ya Mahakama Kuu ya Allahabad kuwaweka chini ya ulinzi maofisa wawili wa fedha katika mgogoro wa marupurupu ya majaji wastaafu. Waitwe pale tu panapolazimu, waanze kwa video, wasikemewe kwa mavazi yao, na mahakama ijizuie kabla ya kuwatia hatiani kwa dharau. Nadhani majaji walifanya vyema. Ofisa anayesimama kwa saa nne mahakamani akingoja faili lake liitwe ni ofisa ambaye siku hiyo hajasaini barua ya mtu yeyote. Zaidi ya hapo, bodi inayosahihisha mamilioni ya karatasi kwa wiki chache haiwezi kukosa makosa. Kosa la msahihishaji mchovu nalisamehe. Nisichoweza kukisamehe ni ofisi iliyokwisha kuonyeshwa kosa na jaji, ikashindwa rufaa, kisha ikachagua kungoja mlalamikaji achoke.

Msomaji wa Nairobi hatahitaji kuvuka bahari ili kuielewa hofu hiyo. Novemba 2023, matokeo ya KCPE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi nchini Kenya, ya mwisho katika historia ya mtihani huo, yalitoka kwa ujumbe wa simu yakiwa na makosa; wapo watoto waliofanya Kiswahili wakaletewa alama za lugha ya ishara. Baraza la Mitihani la Kenya lilikiri hitilafu hizo na kupokea malalamiko. Sheria ya Kenya ya mwaka 2016 kuhusu kudharau mahakama, nayo, ilibatilishwa na Mahakama Kuu mwaka 2018 kwa kuwa haikupitishwa kwa ushirikishwaji wa wananchi, na majaji wakabaki na mamlaka yao ya asili. Mzazi atakayepata amri dhidi ya baraza lolote Afrika Mashariki, likaipuuza, atajikuta kwenye njia ileile ya wale walimu wa Uttar Pradesh, maana sheria hii sote tuliirithi kwa Mwingereza.

Kinachosaidia hufanyika mapema, siku ya kuomba amri ya kwanza. Mawakili wa India waliokwisha kuchoshwa na danadana hawaombi tena karatasi isahihishwe upya na kuishia hapo. Wanaomba, siku kesi inapofunguliwa, amri ya muda kwamba karatasi halisi itiwe kwenye bahasha iliyofungwa kwa lakiri na isiharibiwe hadi kesi iishe. Wanaomba nafasi moja ya kazi au ya chuo ibaki wazi ikisubiri hukumu, kwa sababu alama ikirudi na nafasi imejaa, mtahiniwa ameshinda bure. Wanaomba amri itaje cheo cha atakayewajibika na tarehe ya mwisho, si maneno kama mapema iwezekanavyo. Wanaomba msahihishaji mpya asiwe yule wa kwanza, asionyeshwe alama za awali, na aandike sababu fupi kwa kila swali linalobishaniwa. Na wanaomba iandikwe ndani ya amri hiyohiyo kwamba bodi isipotekeleza kwa tarehe iliyotajwa, matokeo fulani yafuate yenyewe: alama ihesabiwe kuwa imetolewa, au mtahiniwa aingizwe kazini kwa muda.

Majaji hawakubali yote hayo kila mara. Ombi la mwisho hasa hukataliwa mara nyingi, kwa hoja ileile kwamba mahakama haigawi alama. Lakini kwa swali lile la fasili ya uongozi wa elimu hapakuwa na utaalamu wa kubishania tena baada ya Agosti 2021. Alama ilikuwa imeshaamuliwa na majaji, na jumla mpya iliweza kuandikwa ndani ya amri yenyewe, tarakimu mbili tu: 97.